Mama aliishi Jeddah, anasema filamu ile haiwezekani

*"Shikamoo mwalimu. Nina miaka 23, nyumbani ni Tanga, niko mwaka wa pili chuoni nasomea saikolojia. Mwezi uliopita niliangalia filamu ya Kisaudia inaitwa Basma. Mwisho wa filamu nikasoma majina: mwandishi ni Fatima Al-Banawi, mwongozaji ni Fatima Al-Banawi, na aliyecheza Basma ni yeye huyohuyo. Usiku ule sikulala. Mimi naigiza tangu shule ya msingi na nimeshatengeneza filamu moja fupi kwa simu. Sasa, mama yangu alifanya kazi za ndani Jeddah kuanzia 2009 hadi 2014. Nilipomwonyesha filamu akasema hiyo ni danganya toto, kule mwanamke hashiki hata usukani, ataamrisha wanaume wenye kamera? Akasema labda wameenda kuigizia Dubai. Naomba unisaidie: dada huyu amewezaje? Ni pesa za kwao au serikali imemweka? Niache saikolojia nikasomee filamu? Nianze na kuigiza au kuongoza? Navaa hijabu na sina mpango wa kuivua."*

Marahaba, mwanangu.

Umeuliza mengi, lakini nikisoma kwa utulivu naona hofu yako ni moja. Unataka kujua kama njia aliyopita Fatima Al-Banawi ni njia kweli, yenye hatua ambazo mtu mwingine anaweza kuzikanyaga, au ni picha nzuri iliyopambwa ili watu kama wewe waitazame na kutamani. Ni swali la haki. Miaka yako ya ujana haina akiba.

Nianze na mama yako, kwa sababu naona nyumbani ameshaitwa mtu asiyejua. Mama hakukosea. Aliyoyasema ni ushahidi wa mtu aliyekuwepo. Katika miaka ile aliyoishi Jeddah, Saudi Arabia haikuwa na jumba hata moja la sinema lililo wazi kwa watu wote; yalikuwa yamefungwa tangu mwanzoni mwa miaka ya 1980. Watu wa upande wa mashariki wa nchi waliotaka kuona filamu kwenye skrini kubwa walivuka daraja la kilomita 25 linaloingia Bahrain, wakanunua tiketi, wakaangalia, wakarudi usiku. Mwanamke kushika usukani kulikuja kuruhusiwa tarehe 24 Juni 2018, miaka minne baada ya mama kurudi Tanga. Pasipoti bila idhini ya mlezi wa kiume, kwa mwanamke aliyefika miaka 21, ni mambo ya 2019. Hata lile la Dubai halikutoka hewani: filamu ndefu ya Kisaudia iliyovuma sana mwaka 2006, *Keif al-Hal*, ambayo Msaudia Hind Mohammed aliigiza ndani yake, ilipigwa Dubai.

Kwa hiyo ukirudi nyumbani usimwambie "mama umepitwa." Mwambie Jeddah aliyoiona ilikuwa hivyohivyo.

Ila kuna jambo mama asingeweza kuliona kutoka jikoni kwa watu. Wakati yeye yuko Jeddah, mjini Riyadh mwanamke mmoja anaitwa Haifaa al-Mansour alikuwa anaongoza filamu yake, *Wadjda*, iliyotoka 2012. Ndiyo filamu ndefu ya kwanza kupigwa yote ndani ya Saudi Arabia, na mwongozaji wake ni mwanamke. Aliwezaje? Katika mitaa ambayo watu wasingevumilia kumwona mwanamke akichanganyika na mafundi wanaume barabarani, alijifungia ndani ya gari, akawatazama waigizaji kwenye monita ndogo, akawaelekeza kwa redio ya upepo.

Hebu lifikirie hilo kama mtu wa kazi. Mwongozaji anaongoza kwa karibu. Unamsogelea mwigizaji, unamnong'oneza neno ambalo wengine hawatakiwi kulisikia, unaona mkono wake unatetemeka, unajua umfikishe wapi. Haifaa hakuwa na nafasi hiyo. Alikuwa na kioo na redio, na mwigizaji wake mkuu alikuwa mtoto. Nikiwafundisha wanafunzi wangu kuhusu maelekezo mafupi, huwa natoa mfano wa gari lile: ukiwa na redio tu huwezi kuhutubia. Unachagua neno moja.

Sasa tunafika kwenye dhana inayohitaji kunyooshwa. Watu wengi wanaamini kwamba mwaka 2018 serikali ilifungua mlango na wanawake wa filamu wakazaliwa siku hiyo. Kilichofungwa kwa miaka karibu 35 yalikuwa majumba ya sinema. Televisheni haikufungwa, tamthilia za Ramadhani ziliendelea, kanda za video zilikodishwa na watu wakaangalia majumbani. Haifaa mwenyewe alikua hivyo, kwenye familia ya watoto kumi na wawili, baba yao mshairi. Kwa hiyo hamu ilikuwepo. Vipaji vilikuwepo. Vilivyokosekana ni vile vitu vinavyogeuza kipaji kuwa kazi: jumba la kuonyeshea, kibali cha kupiga barabarani, fungu la kukopesha, shule, na mtu aliyetangulia ambaye unaweza kumuuliza. Tarehe 18 Aprili 2018 sinema ya kwanza ilipofunguliwa Riyadh, waliokuwa tayari waliingia na kazi zao mkononi.

Fatima alikuwa mmoja wao, na hapa ndipo ningependa uvute kiti.

Ni binti wa Jeddah. Alisomea saikolojia, ndiyo, saikolojia kama wewe, katika Chuo Kikuu cha Effat hapohapo mjini kwao. Akaenda Harvard, kwenye shule yao ya masomo ya dini, akachukua shahada ya pili iliyohusu wanawake, jinsia na Uislamu. Hakwenda shule ya filamu. Aliporudi Jeddah mwaka 2015 akaanzisha mradi aliouita *The Other Story*, na mradi huo kwa maneno mepesi ulikuwa hivi: unampa mtu usiyemjua karatasi tupu na kalamu, unamwomba aandike kisa kimoja cha maisha yake. Bila jina. Anaandika, anakurudishia, anaondoka.

Wewe unayesoma saikolojia utaelewa haraka kuliko mwanafunzi wa filamu kwa nini jambo hilo ni zito. Mtu anayejua hatatajwa jina huacha kujipamba. Anaandika kile alichokuwa anakizunguka. Na anayezisoma karatasi hizo moja baada ya nyingine anaanza kusikia jinsi watu wa mji wake wanavyozungumza wakiwa hawaogopi: wanaanzia wapi, wanaruka nini, ni neno gani wanashindwa kuliandika wakaacha mstari. Hayo ni mafunzo ya mwandishi wa skripti, na ni mafunzo ya mwigizaji pia. Mimi nimesahihisha skripti za vijana kwa miaka mingi, na ugonjwa ninaoukuta mara nyingi ni huu: kila mhusika anaongea kama mwandishi. Dawa yake ni masikio, na masikio Fatima aliyanoa kabla hajasimama mbele ya kamera ya mtu.

Mwaka 2016 akatokea kwenye *Barakah Yoqabil Barakah*, filamu ya Mahmoud Sabbagh iliyopigwa Jeddah. Anacheza Bibi, msichana mwenye wafuasi wengi Instagram, anayependana na kijana mfanyakazi wa manispaa. Kisa chote ni kwamba hawana pa kukutania. Kila sehemu ya mji ina kizuizi chake. Filamu ikaonyeshwa kwenye tamasha la Berlin, ikapata tuzo ya jopo la kiekumene la madhehebu ya Kikristo, na Saudi Arabia ikaiwasilisha kugombea Oscar. Wakati huohuo mtu wa Jeddah alikuwa hana jumba la sinema la kuiangalia filamu hiyo mjini kwake.

Hesabu nawe. *Barakah* ni 2016. Mwaka 2018 jarida la Time likamtaja miongoni mwa viongozi wa kizazi kijacho. Mwaka 2021 akaongoza sehemu moja ya *Becoming*, filamu iliyokusanya visa vifupi vya waongozaji wanawake watano wa Kisaudia. Mwaka 2022 akaigiza *Route 10*, ile ya kaka na dada wanaosafiri kwa gari kutoka Riyadh kwenda Abu Dhabi na mtu anawafukuza njia nzima. *Basma* imeingia Netflix 2024. Kutoka uso wake kuonekana mpaka filamu ndefu yenye jina lake mara tatu, ni miaka minane. Ukihesabu tangu zile karatasi, tisa.

Nikujibu la pesa na serikali bila kuzungusha. Mfuko wa familia ya mtu siuhesabu. Elimu ya Harvard ni bahati ambayo wasichana wengi, wa Jeddah na wa Tanga, hawaipati, na tusijifanye hatuioni. Serikali nayo ipo, tena sana: imeunda tume ya filamu mwaka 2020, tamasha la Red Sea la Jeddah lilianza Desemba 2021 katika mji mkongwe wa Al-Balad, kuna mifuko ya kusaidia miswada, na wanaopiga filamu nchini wanarudishiwa sehemu ya gharama. Sekta ya filamu huko imejengwa kwa amri kutoka juu na kwa fedha kutoka juu.

Na kinachotoka juu kina mipaka yake iliyochorwa juu. Mei 2018, wiki chache tu kabla wanawake hawajaruhusiwa kuendesha, baadhi ya wanawake waliokuwa wamedai haki hiyohiyo kwa miaka walikamatwa. Mmoja wao, Loujain al-Hathloul, alitoka gerezani Februari 2021. Nakuambia haya kwa sababu wewe utavutiwa na picha za zulia jekundu, na unastahili kuona ukurasa wote. Msanii wa Kisaudia leo ana nafasi ambayo dada yake wa 2010 asingeiota, na bado anajua yapo mambo hayaguswi. Yote mawili ni kweli kwa wakati mmoja. Ndani ya nafasi hiyo, kazi ya kuandika ukurasa mzuri na kuigiza kwa ukweli serikali haiwezi kumfanyia mtu. Hiyo kaifanya Fatima.

Tuje kwako. Usiache saikolojia.

Sisemi hivi kukupooza. Iangalie tena *Basma*. Binti anarudi Jeddah kutoka masomoni Marekani, anakuta wazazi wametengana na familia imemficha, baba anaishi peke yake na akili yake inaumwa. Binti anahamia kwa baba akiamini upendo wake utatosha. Mtu asiyejua ugonjwa wa akili angemwandika baba yule kama kichaa wa vichekesho, au kama mtakatifu anayesubiri kuponywa na bintiye. Yule baba ni mtu: ana elimu yake, ana hadhi, ana siku nzuri, na ana shaka ambayo haizimwi kwa kubembelezwa. Na familia nzima imejipanga kuizunguka aibu hiyo kwa adabu. Unafikiri jicho hilo limetoka wapi? Umebakiza muda mfupi umalize shahada ambayo itakupa jicho hilohilo, na wenzako wa filamu watalihitaji. Maliza. Ufundi wa kamera, taa na uhariri unaweza kuupata kwa kozi fupi na kwa kufanya kazi seti, yaani pale filamu inapopigwa. Watu wengi wazuri katika fani hii wameupata hivyo.

Kuhusu kuanza na kuigiza au kuongoza, ushauri wangu ni uigize kwenye kazi za wengine na uongoze zako fupi, lakini usijiongoze mwenyewe bado. Nitakueleza kwa nini, maana jina moja kutokea mara tatu mwisho wa filamu linadanganya macho.

Mwigizaji akiwa ndani ya sini, yaani tukio moja la filamu, anatakiwa asahau kuwa anatazamwa. Mwongozaji kazi yake yote ni kutazama. Anayefanya vyote viwili anapiga sini, anatoka, anakimbilia monita, anajitazama, na sasa lazima ajihukumu kama anamhukumu mtu baki: hapa nimedanganya, hapa nimelia mapema. Kisha anarudi kwenye nafasi yake, na yale aliyoyaona kwenye monita yanamfuata kichwani. Wengi huanza kuigiza picha ya uso wao badala ya kumsikiliza mwenzao. Ndiyo maana anayejiongoza anahitaji watu: msaidizi wa mwongozaji anayeendesha seti, mtu wa kusimama kwenye nafasi yake wakati taa zinapangwa, mpiga picha wanayeelewana bila maneno, na mtu mmoja mwenye ruhusa ya kumwambia "hukuwa mkweli, rudia." Watu hao hawapatikani kwa tangazo. Unawakusanya seti baada ya seti, ukiwa mwigizaji wa wengine. Fatima aliigiza chini ya waongozaji wengine, akaongoza kazi fupi, ndipo akajibebesha yote. Kwenye filamu yako ya simu ulijiongoza, najua. Inayofuata mpe rafiki yako uigizaji, wewe kaa nyuma ya simu. Utashangaa utakavyoanza kuona.

Hijabu. Suala la dini mpelekee mwanazuoni unayemwamini, na umpelekee jambo lililo wazi: skripti yenyewe, sini yenyewe, siyo swali la jumla "kuigiza ni halali?" ambalo litakupa jibu la jumla. Mimi nizungumze kifundi. Kwenye sini za nje, ofisini, hospitalini, kwenye daladala, hijabu haina tatizo lolote, ni vazi la mwanamke kama walivyo wanawake wa Tanga wote. Ugumu unakuja ndani ya nyumba. Mwanamke akiwa peke yake na mumewe au wanawe hajifuniki, na mtazamaji analijua hilo. Ukikaa na mtandio kitandani, kuna kitu kinavunjika. Mwandishi mwenye akili hulitatua kwenye karatasi: mgeni yuko sebuleni, anatoka kuswali, mlango uko wazi kwa jirani, sini inahamia uani. Kwa hiyo wewe unayejijua, andika tangu mwanzo ukiijua mipaka yako. Na kwa kazi za wengine, mipaka hiyo iwe kwenye mkataba kwa maandishi kabla hujakanyaga lokesheni. Nilikuwa na mwanafunzi aliyeahidiwa kwa mdomo, siku ya tano ya upigaji, saa sita usiku, watu arobaini wamechoka wanamsubiri yeye, akaambiwa "ni sekunde mbili tu." Alikataa. Alirudi kwao kwa basi na hakulipwa hata zile siku nne.

Hapo ndipo pa kutafuta msaada wa ana kwa ana. Mkataba wowote wa filamu, hata wa shilingi kidogo, upeleke kwa wakili aukague. Ukishindwa gharama, ulizia msaada wa kisheria, upo. Mtu yeyote akikuita "kukujaribu" usiku, hotelini, peke yako, usiende, na umwambie mtu mzima aliye karibu nawe siku hiyohiyo. Mimi kwa maandishi siwezi kukulinda.

Nafasi zipo karibu kuliko unavyodhani. Tamasha la filamu la Zanzibar linafanyika Ngome Kongwe, ni boti tu kutoka ulipo. Nenda hata kama huna filamu, kaa siku tatu uangalie kila kitu na uzungumze na watu foleni. Na ule mfuko wa Red Sea wa Jeddah unapokea pia miradi ya waongozaji wa Afrika, siyo Waarabu peke yao. Masharti hubadilika kila msimu, kwa hiyo yasome mwenyewe kwenye tangazo la mwaka husika, na usimlipe mtu anayedai atakuombea. Lakini hilo ni la baadaye, ukishakuwa na filamu fupi mbili tatu za kuonyesha.

La sasa hivi liko nyumbani kwenu. Mama yako alikaa Jeddah miaka mitano. Aliiona nyumba ya Kisaudia kutoka mahali ambapo kamera chache sana zimewahi kusimama: jikoni, alfajiri, kabla wenye nyumba hawajaamka. Alijua nani anapenda chai ya namna gani, nani analia chumbani, siku gani simu ya Tanga ilikuwa haipokelewi. Badala ya kubishana naye kama filamu ni ya kweli, mwombe akuhadithie asubuhi moja tu ya kule, tangu kuamka hadi saa nne. Usirekodi mara ya kwanza. Sikiliza, kisha uandike usiku ukiwa peke yako. Na kabla hujamsomea mtu yeyote, msomee yeye, umuulize nini kibaki na nini kitoke.

Uwe mwangalifu. Huenda yapo aliyoyapitia kule ambayo hajawahi kuyasema. Ukiona ananyamaza ghafla, au analala vibaya siku zinazofuata, acha kuuliza, na umsindikize kwa mshauri nasaha. Chuoni kwako wapo, waalimu wako wa saikolojia watakuelekeza. Filamu itasubiri.

Akikubali, na ukishapata kurasa tano au sita, nitumie. Nitazisoma kwa kalamu nyekundu.